Mtu mzima ni nani: shajara ya filamu fupi, Marseille

Jumamosi, 14 Septemba 2024

Mswada wa kwanza umefika kurasa 17. Nimeuandika Kifaransa kwa kuwa fedha zinaombwa kwa Kifaransa. Waigizaji watasema Kifaransa na Kingazija, lugha ya kisiwa cha Ngazija huko Komoro. Shajara hii naiweka kwa Kiswahili, lugha niliyolelewa nayo Unguja na ambayo hadi leo ndiyo ninayohesabia pesa na kuombea dua.

Kwa sheria ya Ufaransa, filamu isiyofika saa moja ni filamu fupi. Yetu isizidi dakika 20. Kisa chake: Nassur ana miaka 14, yuko troisième, darasa la mwisho la collège, shule ya sekondari ya chini. Huku kila mwanafunzi wa darasa hilo hutakiwa atafute mahali pa kazi akae wiki moja, atazame watu wanavyofanya, kisha aandike ripoti. Mtoto wa wakili huenda kwa wakili, wa daktari huenda hospitali. Nassur anagonga milango mitatu, hapati. Baba yake, Ali, husafisha maofisi kule La Joliette alfajiri, kabla wenye ofisi hawajaingia. Usiku Nassur anamwambia: basi nichukue wewe. Baba anakataa, na hatoi sababu.

Hapo ndipo niliposimama. Najua amekataa, sijui kwa nini. Kwenye karatasi nimeandika "aibu", lakini neno hilo nimelitia kwa haraka tu.

Jumapili, 20 Oktoba

Nimeshinda Félix Pyat, wilaya ya 3, mtaa ambao ukishuka basi tu unasikia Kingazija. Wangazija wa mwanzo kukaa Marseille walikuwa mabaharia, watu wa vyumba vya injini katika meli za Kifaransa, tangu kabla ya Vita Kuu ya Pili. Baada ya uhuru wa 1975 wakafuata wengi zaidi. Bibi yangu mzaa mama alikuwa Mngazija wa Unguja, kwa hiyo nikikaa na akina mama hawa nusu ya maneno nayapata na nusu nayabahatisha. Wameniwekea madaba, ambayo ni kisamvu chetu cha nazi, na mkatra siniya, mkate wa sinia. Nilipouonja nikamkumbuka bibi mpaka nikashindwa kuuliza maswali niliyokuja nayo.

Mtaani hapa hakuna asiyejua tarehe 30 Juni 2009. Ndege ya Yemenia iliyokuwa ikiwapeleka watu Ngazija ilianguka baharini karibu na kisiwa. Kati ya watu 153 waliokuwemo akasalimika mtoto wa kike mmoja. Abiria wengi walitoka Marseille. Nimeamua filamu isilitaje jambo hili hata kwa neno moja. Ila nimeongeza kwenye mswada kwamba familia ya Nassur haisafiri pamoja kamwe: mwaka huu baba na dada, mwakani mama na Nassur. Mtu wa Félix Pyat ataelewa bila kuambiwa. Mtu wa Paris ataona familia inayobana matumizi, na hilo pia si uongo.

Jumamosi, 2 Novemba

Leo mswada umevunjika vipande, na nashukuru.

Nilialikwa kwenye mkutano wa chama cha mji mmoja wa Ngazija. Hapa Marseille kila mji wa kule una chama chake, wanachangishana kujenga msikiti, shule, barabara. Ukumbi ni wa kukodi, taa nyeupe, viti vya plastiki. Mbele wamekaa wazee, na baadhi yao si wazee kwa umri. Nyuma, huku na huko, mwanamume wa miaka hamsini na kitu, mvi tele, anapanga viti, anabeba sinia, anagawa chai. Mbele yake amekaa kijana ambaye sidhani amefika arobaini, naye anapokea chai kwa mkono mmoja.

Nilimwuliza mama aliye pembeni yangu. Akanijibu kama anayemweleza mtoto: yule wa mbele ni mndru mdzima, huyu wa sinia ni mwanamdji.

Masikio yangu ya Kiswahili yalisikia yote mawili mara moja. Mndru mdzima ni mtu mzima. Mwanamdji ni mwana wa mji. Ngazija mwanamume hatimizwi na miaka. Hutimizwa na anda, na anda ni ada hiyo hiyo yetu: harusi kuu, yenye dhahabu ya bibi harusi, ng'ombe wa kuchinja, karamu za siku nyingi, mji mzima ukishuhudia. Akiimaliza hukaa safu ya mbele msikitini, husema kwenye bangwe, yaani uwanja wa mji, huvaa joho. Asipoifanya, hata akifika miaka sabini na wajukuu wamemzunguka, bado ni mwana wa mji na kazi yake ni kutumikia. Wana wa mji nao wamepangwa kwa hirimu, neno ambalo nasi tunalo kwa maana ya rika, ingawa kwetu limebaki vitabuni na kwenye midomo ya wazee.

Gharama yake ni maelfu mengi ya yuro. Wanaume wa hapa huiwekea akiba miaka kumi, ishirini, kwa mshahara wa usafi, wa ulinzi, wa jikoni. Julai na Agosti ndiyo misimu, likizo za Ufaransa zinapofunguka.

Nilikuwa naandika filamu ya mvulana anayetafuta yeye ni nani. Kumbe nyumba ile ina wawili. Nassur hajui atakuwa nani kwa kuwa ana miaka 14. Ali ana 52, ana watoto wanne, analipa kodi ya nyumba, na huko anakohesabiwa bado hajawa mtu mzima. Kifaransa kina neno "adolescent", anayekua. Baba naye anakua bado, ila hakuna daftari la shule linalomwandika.

Nimerudi nyumbani kwa miguu, nimefuta kurasa 9.

Alhamisi, 5 Desemba

Mswada wa tatu, kurasa 19. Kabatini kwa Ali sasa kuna joho la babu, limefungwa kwenye mfuko wa nailoni, halivaliwi. Nimeandika sini ambapo Nassur analivaa mbele ya kioo wazazi wakiwa hawapo. Naipenda sana.

Jumatano, 8 Januari 2025

Jumatano mchana watoto wa collège hawana masomo, kwa hiyo ndiyo siku yetu ya kusaka Nassur. Hatukutafuta kwa mawakala. Tumesimama nje ya viwanja, kwenye milango ya madrasa, na vikaratasi vya kuwapelekea wazazi. Vijana 41 kwa wiki tatu. Wengi waliigiza: walituletea mtoto wa mtaani waliyemwona kwenye runinga, mabega juu, sauti nzito. Walidhani ndicho tunachotaka, na sikuwalaumu, maana hicho ndicho kamera zimekuwa zikija kuchukua hapa.

Wa 38 aliingia, akakaa, hakusema kitu. Nikampa maji. Akayapokea kwa mikono miwili, akasema: "Marahaba."

Nimeduwaa. Kwetu marahaba ni jibu la mkubwa kwa shikamoo ya mdogo. Kwa Wangazija ni asante. Kwa nukta moja nilihisi mtoto huyu wa miaka 14 amepokea salamu yangu kama mzee. Nilimweleza hivyo. Akafikiri, kisha akauliza: "Kwa hiyo kwenu nimekuwa mkubwa?" Hakucheka. Alitaka kujua kwa kweli.

Nilimwuliza akienda Ngazija wanamwitaje. Akasema: je-viens. Ndilo jina wanalopewa kule watoto wa Ufaransa, kwa Kifaransa chao wenyewe, "naja". Na hapa? "Hapa mimi Mkomoro." Na shuleni? "Shuleni mimi wa Félix Pyat." Alivitaja vyote vitatu kwa sauti moja, kama anayetaja vituo vya metro.

Tumempata.

Jumatatu, 20 Januari

Kijana wetu, mwenyewe yuko troisième, na wiki yake ya kutazama kazi ilikuwa ianze leo bila mahali pa kwenda. Barua alizotuma hazikujibiwa. Kisa cha filamu kimetutokea mbele ya macho. Tumemwandikia mkataba wa shule, atakaa chumba cha uhariri wiki nzima, kwenye kiti cha kijani karibu na dirisha. Leo kajifunza kulinganisha sauti na picha kwa kutumia kofi la ubao. Kafanya mara 30 bila kuchoka.

Jumatano, 12 Februari

Faili la prefekti limeondoka. Mtoto aliye chini ya miaka 16 haigizi filamu Ufaransa bila idhini ya prefekti, mwakilishi wa serikali, na idhini hupitia kamati inayosoma mswada, ridhaa ya wazazi, cheti cha daktari, ratiba ya kila siku na malipo. Sehemu ya fedha zake huwekwa Caisse des Dépôts, taasisi ya fedha ya serikali, mpaka atimize miaka 18. Mama yake alisoma kifungu hicho mara mbili, akasema kwa utulivu: "Basi huyu atakuwa na akiba kabla ya baba yake." Kosa langu: nilitakiwa nilipeleke wiki mbili kabla. Nimeomba radhi kwa timu, tumesogeza siku ya kwanza hadi baada ya Idi, ndani ya likizo ya Aprili.

Jambo la pili gumu zaidi: sheria haimruhusu mtoto wa umri huu kufanya kazi kuanzia saa mbili usiku hadi saa kumi na mbili asubuhi. Nusu ya filamu yetu ni alfajiri. Mpiga picha amekaa na jedwali la jua. Aprili jua la Marseille huchomoza kama saa moja na dakika kumi. Kuanzia saa kumi na mbili kamili tuna muda mfupi wa mwanga wa bluu ambao kwenye skrini utasimama badala ya saa kumi na moja. Dakika arobaini kwa siku, siku nne. Sini zote za njiani lazima ziingie humo.

Jumamosi, 22 Machi

Mazoezi baada ya futari, nyumbani kwa mzee anayeigiza Ali. Si mwigizaji. Ni mtu wa usafi kweli, miaka 53, na anda hajafanya. Ndiye niliyemwona siku ile akigawa chai. Ilinichukua miezi miwili kupata ujasiri wa kumwomba, na niliogopa nitamwaibisha. Alipokubali aliweka sharti moja, sini ya ukumbini ipigwe kama inavyofanyika, isipambwe wala isihurumiwe. "Ndivyo nifanyavyo kila mwezi," alisema. "Nawatumikia wakubwa wangu. Wewe hukumtumikia bibi yako?"

Leo tulikuwa kwenye sini ya kukataa. Nassur anaomba, Ali anakataa, anageuza uso. Mara ya nne mzee akaacha, akaniambia: "Binti wa Ungudja, huyu mtu anakataa kwa sababu gani?"

Nikamwambia: anaona aibu mwanawe amwone na fagio.

Akatikisa kichwa. "Mwanangu ameniona na fagio tangu amezaliwa. Fagio halina aibu." Akanyamaza kitambo, mkewe akaja kuondoa sahani, akarudi jikoni. Ndipo akaendelea, kwa Kifaransa safari hii, kana kwamba jambo lenyewe halisemeki kwa Kingazija: pale kazini msimamizi ana miaka 25, kijana mzuri, hana ubaya, lakini anamwambia "tu".

Kwa wasomaji wasiojua: Kifaransa kina "tu" kwa mtoto, rafiki, mtu wa nyumbani, na "vous" kwa mkubwa, mgeni, mtu wa heshima. Msimamizi huyo akizungumza na mwenye ofisi anasema vous. Akigeuka kwa mzee anasema "tu", na jina tupu.

"Mimi nimezoea," mzee alisema. "Nikiwa peke yangu halinigusi. Lakini mtoto akiwa amesimama hapo, akasikia..."

Hakumaliza, na kijana wetu alikuwa amekaa kwenye zulia pale pale, amesikia kila neno. Hakuna aliyemtazama. Nimefunga kitabu, nikasema tumemaliza kwa leo.

Miezi sita nimetembea na neno "aibu" kwenye karatasi, na sababu yenyewe ilikuwa herufi mbili. Usiku huu huu naandika upya. Sini ya mwanga mrefu, ofisi tupu, msimamizi anaingia: "Ali, tu me fais le troisième après", yaani ghorofa ya tatu unifanyie baadaye. Ali anajibu "oui". Nassur yuko nyuma ya toroli la ndoo. Basi. Asiseme kitu.

Jumanne, 8 Aprili. Siku ya kwanza

Saa kumi na moja na nusu timu iko eneo la National, thermosi mbili za chai. Kijana ameletwa na mama yake saa kumi na mbili kamili, hatukumgusa kabla ya hapo. Tunashuka kwa miguu kuelekea La Joliette, baba mbele, mtoto hatua tatu nyuma. Dakika ya 31 ya mwanga, gari la taka likaingia kwenye picha, wafanyakazi wawili wakamsalimia mzee kwa jina. Wanamfahamu. Akawajibu akiwa ndani ya uigizaji. Tutaibakiza.

Alhamisi, 10 Aprili. Siku ya tatu

Mistral. Upepo umetupiga tangu usiku, maikrofoni zimevaa manyoya lakini sauti haifai. Ngazi za kituo cha Saint-Charles, zile 104, tumezipiga bila sauti. Nassur anapanda akiwa na bahasha ya tatu ya kukataliwa. Karatasi imemponyoka, ikaruka juu ya reli za chuma, naye akaikimbilia kwa kweli maana ndiyo ilikuwa karatasi pekee tuliyochapisha. Mbio hizo ndiyo picha nzuri ya siku.

Ijumaa, 11 Aprili. Siku ya nne

Ofisi. Mwenye jengo alitupa ghorofa mbili hadi saa nne. Kijana anayeigiza msimamizi ni mwigizaji wa kazi, mpole mno, na mara tatu za mwanzo alimwambia mzee "vous" bila kukusudia. Ulimi wake ulikataa. Mzee akamshika bega: "Sema 'tu', mwanangu. Nimekuruhusu." Mara ya nne ikatoka vizuri, na ikauma zaidi kwa sababu ilitoka kwa wepesi, bila kiburi.

Nilikuwa nimemwambia Nassur atazame chini. Hakutazama chini. Alimtazama msimamizi mdomoni, kama mtu anayesoma maandishi ya lugha asiyoijua, kisha akashika mpini wa toroli akalisogeza nusu hatua karibu na baba. Halikuwemo kwenye mswada. Sikurudia.

Jumapili, 13 Aprili. Siku ya sita

Ukumbi. Watu wa chama wenyewe wamekuja, wengine na kanzu zao, wengine na jezi za OM, timu ya mpira ya Marseille, ambazo tulilazimika kuzificha nembo. Tumepiga mkutano, dua, kisha chakula: wali, mabawa ya kuku, achari. Pembeni mzee mmoja alipiga udi kidogo, twarab. Muziki huu Wangazija waliuchukua kwetu Unguja mwanzoni mwa karne ya 20 na wakaufanya wao. Nilipousikia chini ya taa zile nyeupe za Marseille nililazimika kutoka nje kwa dakika mbili.

Sini ya joho mbele ya kioo nimeifuta jana usiku. Mzee alinieleza kwa adabu kwamba mtoto wa nyumba yake asingefanya hivyo, hata akiwa peke yake, na mimi nikaona kwamba mvulana anayevaa nguo ya babu mbele ya kioo nimeshamwona mara nyingi. Nilimpenda kwa kuwa ni rahisi kumpenda. Joho libaki kabatini. Linaonekana mara moja, mlango ukiwa nusu wazi.

Badala yake: Ali anagawa sinia. Nassur, aliyekuwa amekaa na simu, anainuka, anachukua birika na bakuli, anamfuata baba na kuwanawisha wazee mmoja mmoja. Wanafika mwisho wa safu. Wazee wanakula. Ali amesimama. Nassur bado ana maji kwenye birika, anamgeukia baba, anasubiri. Baba anaweka sinia chini, ananyoosha mikono.

Tumepiga mara mbili. Ya pili wazee wawili waliacha kula wenyewe, wakatazama.

Jumatano, 16 Aprili

Tumefunga. Siku 8, saa 11 na nusu za picha. Kijana kalala kwenye gari kabla hatujafika kwao.

Jumatatu, 19 Mei

Uhariri, wiki ya tatu. Mkato wa kwanza una dakika 31 na unachosha. Kila nilichokipenda mtaani kimo: sokoni, kanisa la Notre-Dame de la Garde kwa mbali, bandari. Mhariri ameniuliza swali moja tu: Nassur anayaona haya? Hayaoni. Mtoto wa Marseille haitazami Notre-Dame de la Garde, mgeni ndiye huitazama. Yote yametoka. Dakika 22.

Mkato wa birika una sekunde 48 bila kukatwa. Mtayarishaji anataka tukate kwenye uso wa baba. Nimekataa. Ukikata usoni unamwambia mtazamaji ahisi nini. Ukibaki mbali anaona mikono minne na maji, na wazee wanaotafuna nyuma yake.

Alhamisi, 12 Juni

Dakika 19 na sekunde 20. Picha imefungwa, hatukati tena.

Sasa maandishi ya chini, Kifaransa kwa ajili ya Kingazija, na Kiswahili kwa ajili yangu na kwa watu wa kwetu. Mistari miwili, herufi kama 40 kila mmoja, na macho yapate muda wa kusoma. "Mwanamdji" kwa Kifaransa tumejaribu maneno sita, yote yanamfanya mzee kuwa mtoto au mtumishi. Mwishowe tumeliacha neno lenyewe, bila tafsiri. Mtazamaji ataliona na sinia pamoja, atajifunza kama nilivyojifunza mimi.

Kwa Kiswahili tatizo limegeuka. Mwana wa mji na mtu mzima yamekaa kama yamezaliwa hapo. Lakini "tu"! Sisi tuna "wewe" moja kwa mfalme na kwa mtoto. Heshima yetu haimo kwenye kiwakilishi, imo kwenye shikamoo, kwenye mzee, baba, bwana, kwenye kuinama kidogo. Nikiandika "Ali, unifanyie ghorofa ya tatu baadaye", hakuna kilichotokea. Nimekaa siku mbili na mstari huo. Nimempigia mama yangu Unguja, nikamwuliza: kijana wa miaka 25 akitaka kumkosea heshima baba bila kumtukana, anasemaje? Hakufikiri hata kidogo. "Anamwambia we."

Basi imeandikwa: "We Ali, baadaye nifanyie ya tatu." Na kwenye sini ya kwanza, jirani anapokutana naye ngazini, nimetia "Shikamoo mzee Ali" ili masikio ya msomaji yawe tayari. Ni silabi moja ndogo. Nilipoiona chini ya uso wa mzee nilitaka kuifuta.

Jumapili, 6 Julai

Leo Komoro imetimiza miaka 50 ya uhuru. Mtaani kuna bendera madirishani, na chama kimetupa saa moja ukumbini, kabla ya chakula, tuwaonyeshe waigizaji na familia zao filamu. Sauti bado haijachanganywa, rangi bado. Shuka jeupe ukutani, projekta ya kuazima.

Watoto walicheka walipojiona. Kwenye ngazi za Saint-Charles mtu alipiga mluzi. Ofisini palinyamaza. "Tu" ilipotoka nilisikia viti vikisogea, kisha sauti ya mwanamke gizani ikasema "ewe Mola wangu", polepole, kama anayejisemea.

Birika lilipofika, wazee wa safu ya mbele walikuwa wanajitazama wakila. Hakuna aliyesema kitu. Taa zikawashwa. Mmoja wao, mndru mdzima, yule niliyemwona Novemba akipokea chai kwa mkono mmoja, aliinuka akaenda nyuma alikosimama mzee wetu, wakasalimiana, wakazungumza muda mrefu. Sikusogea kusikiliza. Kisha akarudi kwenye kiti chake cha mbele, na mzee wetu akaenda kuchukua sinia, kwa kuwa chakula kilikuwa tayari.

Alipopita karibu yangu aliniuliza kama Unguja wataiona. Nikasema inshallah. "Na hiyo 'tu', umewaandikiaje?" Nikamwambia. Akaijaribu mdomoni, we, we Ali, akaitikia kwa kichwa. "Ndiyo. Ndivyo inavyosikika."

Yaliyobaki: kuchanganya sauti, rangi, kutengeneza nakala ya sinema, na kutuma Clermont-Ferrand, tamasha lao la filamu fupi ni mwisho wa Januari kuingia Februari. Kijana amemaliza mitihani ya brevet, ya kumaliza collège, siku kumi zilizopita, matokeo bado. Nimemwambia Alhamisi saa tatu asubuhi tunachanganya sauti, aje akitaka. Ameuliza kama kile kiti cha kijani bado kipo.